Shangazi, kazi ninayo ila cha kufanya sina

Toleo lililopita tuliongelea watu wanaozidiwa na kazi mpaka wanalala na laptop kitandani, nikajua barua za mwezi huu zitakuwa za uchovu tu. Kumbe kuna upande wa pili, watu wanaamka saa kumi na moja alfajiri, wanagombania daladala, wanafika ofisini na jasho lao, halafu hamna kitu, wanakaa. Wengi mmeanza barua kwa kuomba radhi eti "najua watu hawana ajira na mi nalalamika". Hilo tulimalize hapahapa, jirani yako kukosa ajira hakukuzuii wewe kuchoka kukaa. Haya twende.

Shikamoo Shangazi. Mi ni keshia wa halmashauri moja huku Nyanda za Juu Kusini, mwaka wa kumi na tatu sasa. Zamani dirisha langu lilikuwa na foleni toka saa mbili mpaka saa tisa, leseni, ushuru, kodi za vibanda, naandika stakabadhi mpaka kidole kinaota sugu. Toka kontroo namba ziingie watu wanalipia kwenye simu au kwa wakala wa benki, mi nimebaki nyuma ya kioo naangalia wapita njia. Mtu akisogea dirishani ujue anauliza choo kiko wapi. Mshahara unaingia na hamna aliyenisema kitu, ila sasa kuna PEPMIS, ule mfumo wa kupima utendaji wa watumishi wa umma, natakiwa kuingiza kazi nilizofanya, najaza nini? Nimekuwa naandika "kuhudumia wateja" mpaka naona aibu mwenyewe. Niombe uhamisho au nitulie nile mshahara wangu? – Keshia wa Kioo

Marahaba mwanangu. Kwanza jua hilo dirisha halikufa kwa bahati mbaya, limeuliwa makusudi. Mfumo wa GePG, ndio huo unaotoa kontroo namba, ulipoanza mwaka 2017 nia yake ilikuwa pesa ya serikali isipite mkononi mwa mtu, iende moja kwa moja benki, na kwa hilo umefanikiwa. Kwa hiyo kama bado kuna kasauti kanakwambia mambo yatarudi kama zamani, kanyamazishe, hayarudi. Nakwambia hivi kwa sababu najua wapo makeshia kibao wanafuta kioo kila asubuhi kama vile foleni imechelewa tu njiani.

Ila kazi ya mapato yenyewe haijafa, imehamia chumba cha nyuma. We fikiria, bili zinatengenezwa hazilipwi zinaisha muda wake, nani anazifuatilia? Kuna mfanyabiashara amelipia kontroo namba ya kibanda cha mwenzie, anakuja anagomba, nani anamsaidia? Usuluhishi wa benki, yaani kulinganisha vitabu vya ofisi na taarifa ya benki, mwisho wa mwezi unafanywa na mtu mmoja anayekesha wakati wewe unahesabu pikipiki zinazopita. Wadaiwa wa kodi za vibanda wamejaa kwenye daftari la nani? Halafu kuna wakaguzi. Hawa wakija na hoja ya vitabu vya stakabadhi vya miaka ile ofisi nzima inakimbilia stoo, inatimua vumbi na mavi ya panya, na wewe ndio mtu uliyeviandika kwa mkono wako, unajua kipi kilikuwa cha sokoni na kipi cha stendi. Hiyo ni mali mwanangu, ila umeikalia.

Sasa usiende kwa Mweka Hazina kusema "mheshimiwa sina kazi". Ofisi ikisikia hivyo inaanza kujiuliza kama nafasi yenyewe inahitajika. Nenda na kitu kimoja tu mkononi, mfano "naomba nisimamie majibu ya hoja za ukaguzi upande wa mapato" au "naomba bili zote za vibanda ambazo hazijalipwa nizifuatilie mimi". Chagua moja, iliyo wazi, ambayo mwisho wa mwezi inatoa karatasi ya kuonyesha. Ukienda na tano utaambiwa tutaangalia, na tutaangalia unaijua mwenyewe.

Hiyo pia ndio dawa ya PEPMIS. Kazi unazojaza mle zinatakiwa zitoke kwenye mpango uliokubaliana na msimamizi wako, sasa kama mpango wako bado unasema utapokea fedha dirishani basi kila ukijaza utakuwa unatunga riwaya. Mwombe mkae mbadilishe majukumu yaendane na hali ilivyo. Na acha kuandika "kuhudumia wateja" kama wateja wenyewe wanatafuta choo, maana anayethibitisha ni msimamizi wako, siku ikiulizwa mmeongopa wawili, na yeye hatokubali kuanguka na wewe.

Uhamisho unaweza kuomba, siku hizi ni kwenye ESS tu, mfumo wa mtandaoni wa watumishi, unajaza mwenyewe, ila fikiria utahamia wapi, halmashauri gani ambayo dirisha la keshia bado lina foleni? Utahamisha uvivu wa kulazimishwa toka mkoa mmoja kwenda mwingine na nauli juu. Cha maana zaidi ni kubadili kada. Muone Afisa Utumishi umuulize kwa vyeti ulivyonavyo unaweza kuingia muundo gani, na umuulize mapema sana utaanzia cheo gani na mshahara wako wa sasa utabaki vipi, kwa sababu kuna watu wamebadili kada kwa furaha wakaja kushtuka kwenye salari slipu. Kama huna cheti cha maana cha uhasibu, mitihani ya NBAA, bodi ya wahasibu, ipo Mei na Novemba, na wewe ndio mtu pekee hapo ofisini mwenye muda wa kusoma. Usome nyumbani na saa ya chakula lakini, siyo pale kwenye kioo ambapo mwananchi anakuona na kitabu.

Mambo Shangazi, mi binti wa miaka 25, nimepata kazi kampuni moja ya usambazaji hapa Dar, nipo kwenye probesheni mwezi wa tatu. Kazi niliyopewa ni kuingiza oda na kutoa ripoti, saa nne asubuhi nimeshamaliza. Baada ya hapo nafungua Excel moja kubwa yenye rangi nyingi, bosi akipita nakunja uso na kubonyezabonyeza. Jioni nafika nyumbani nimechoka kuliko mtu aliyebeba zege. Nimwambie ukweli au ataniona sifai? – Mkunja Uso

Poa mwanangu, hiyo Excel ya rangi nyingi imenichekesha, nimeijua, kila ofisi ninayo picha yake kichwani. Uchovu wako ni wa kweli kabisa, kuigiza saa sita mfululizo huku unasikiliza viatu vya bosi kwenye korido siyo mchezo.

Unajiuliza kwanini wamekuajiri kama kazi yenyewe ni ya saa mbili. Kuna Muingereza mmoja Parkinson, mwaka 1955 aliandika kwenye The Economist kwamba kazi inatanuka mpaka ijaze muda uliopo, na akatoa hesabu za jeshi la majini la kwao. Mwaka 1914 walikuwa na meli kubwa za kivita 62, mwaka 1928 zimebaki 20. Sasa maofisa na makarani wa makao makuu, ungedhani nao wamepungua, walipanda toka 2,000 mpaka 3,569. Meli zinaisha, meza zinaongezeka. Alichokiona ni kwamba mkubwa wa ofisi anapenda kuongeza watu wa chini yake, na hao watu wakishakuwepo wanatengenezeana kazi, huyu anaandika, yule anapitia, yule anarudisha.

Kwa hiyo inawezekana bosi wako aliomba mtu kwa sababu bajeti ilikuwepo na kitengo cha jirani kilipata mtu. Ndio maana ukimwambia "kazi yangu inaisha saa nne" yeye anasikia "bosi uliomba mtu bila sababu". Na we uko kwenye probesheni, chini ya miezi sita, ambapo kwa sheria ya ajira ya hapa kwetu huwezi kwenda CMA, ile tume ya kusuluhisha migogoro ya kazi, kudai umeachishwa isivyo halali. Kwa hiyo mdomo uwe na breki.

Fanya hivi. Oda unaziingiza wewe, maana yake unaona vitu ambavyo bosi haoni, duka lipi linarudisha mzigo kila wiki, bidhaa ipi inaombwa haipo, dereva yupi delivari noti zake hazilingani na oda. Chukua moja, iandalie ukurasa mmoja, mpelekee mwisho wa wiki ukiwa umemaliza ripoti yake ya kawaida, mwambie tu "bosi nimeona hiki nikasema nikuonyeshe". Akiipenda atakwambia endelea, hapo umepata kazi ya mchana bila kusema neno sina kazi. Akiikunja akaiweka pembeni, rudia na nyingine wiki mbili baadaye. Kitu cha kuepuka ni kwenda kwenye meza za wenzio kuchukua kazi zao bila kuombwa, we utaona unasaidia wao wataona kiherehere, na binti wa probesheni mwenye kiherehere hamalizi mwaka.

Shangazi mi naenda moja kwa moja kwenye pointi. Ofisi yetu ni ya umma, nipo kitengo ambacho hakina kazi toka mwaka jana, bosi wetu alihamishwa hajaletwa mwingine. Hakuna anayeniuliza. Nina duka langu la vipuri linahitaji mtu. Nikiacha kwenda nani atajua? – Wa Vipuri, Dodoma

Atajua siku usiyoitaka. Kuna jamaa mmoja Hispania, mji wa Cádiz, habari zake zilienea dunia nzima mwaka 2016. Alikuwa amepangiwa kusimamia mtambo wa majitaka, akapotea kazini miaka isiyopungua sita, mshahara unaingia. Watu wa maji walidhani yuko manispaa, manispaa walidhani yuko kwa watu wa maji. Unajua alijulikana vipi? Mwaka 2010 walitaka kumpa tuzo ya utumishi wa miaka 20, wakamtafuta mwenye tuzo hayupo! Ikaisha kwa faini ya yuro 27,000, karibu mshahara wake wa mwaka mzima baada ya makato. Watu wake walimtetea kwamba alikuwa anaenda ila hakuna kazi, alikuwa anasoma vitabu vya falsafa. Faini ikabaki palepale.

Kwetu huku huhitaji miaka sita, mtumishi wa umma akikosa kazini bila ruhusa zaidi ya siku tano ni kosa la kufukuzwa. Andika barua kwa mkuu wa idara, kitengo hakina msimamizi na hakuna majukumu, unaomba upangiwe, weka nakala yenye mhuri wa masijala nyumbani kwako. Duka la vipuri muajiri kijana. Ukiona duka linalipa kuliko mshahara, acha kazi kwa barua, siyo kwa kuyeyuka.

Asalaam aleikum Shangazi. Mimi ni mtu mzima, miaka 54, kampuni binafsi hapa Tanga, nilikuwa mkuu wa kitengo cha usafirishaji zaidi ya miaka kumi. Menejimenti mpya imeingia, wameleta kijana wao, mimi nimepewa cheo cha "mshauri" na chumba kipya mwisho wa korido. Hakuna anayekuja kushauriwa. Kwenye vikao siitwi, imeili za kitengo nimetolewa. Mshahara haujaguswa. Mke wangu anasema nishukuru Mungu. Lakini nikifika nyumbani sitaki kuongea na mtu, hata magazeti siwezi kusoma. Niache kazi? – Mshauri wa Ukuta

Waaleikum salaam kaka yangu. Wewe na wale wa juu hamfanani, wao kazi imepungua, wewe umepunguzwa wewe. Wamekutoa bila kukufukuza, kwa sababu kukufukuza kuna gharama na maelezo, kukuweka mwisho wa korido hakuna. Hii ni mbinu ya zamani na siyo ya Tanga tu, Japani enzi zile ambazo kampuni kubwa hazifukuzi mtu, wazee wa namna yako walikuwa wanapewa meza ya karibu na dirisha, mshahara unaendelea, wanaangalia nje mpaka wastaafu. Ufaransa kuna mtu wa kampuni ya manukato alinyimwa majukumu miaka kadhaa akaishia kuumwa, akashtaki, na Juni 2020 mahakama ya rufaa ya Paris ikasema kumwacha mtu hivyo bila kazi ni unyanyasaji, akalipwa kama yuro 40,000. Nakutajia hilo usije ukadhani huko kutotaka kuongea na mtu ni udhaifu wako au ni deko la mtu anayelipwa vizuri.

Kuacha kazi, usiache kesho. Ngoja nikueleze kwanini. Una miaka 54 na kustaafu kwa hiari ni 55, pita NSSF uangalie michango yako imefika miezi 180 inayotakiwa kwa pensheni na kama mwajiri amekuwa anapeleka kweli, wengine wanakuja kugundua mashimo siku ya mwisho. Ukiondoka kwa hasira leo unaweza kuwa unajikata mwenyewe kwa tofauti ya miezi michache.

Pili, anza kuandika. Tarehe waliyokupa hicho cheo, barua yenyewe inasemaje majukumu yako, vikao ambavyo hukuitwa, imeili ulizotolewa. Halafu andika barua fupi ya heshima kwa menejimenti, "naomba kufahamishwa majukumu ya nafasi ya mshauri na ninaripoti kwa nani". Usilaumu mtu humo ndani, wala usimtaje kijana wao. Wakijibu kwa majukumu, umeyapata. Wasipojibu, hilo nalo ni jibu na lina tarehe, kwa sababu Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 inatambua kwamba mwajiri akifanya mazingira yasivumilike mpaka mtu akaacha, inahesabika kama yeye ndiye aliyemwachisha. Kuthibitisha siyo rahisi, sikudanganyi, na CMA unatakiwa ufike ndani ya siku 30 toka kazi ilipoisha, kwa hiyo kabla ya kuandika barua ya kuacha ongea na chama cha wafanyakazi au wakili, siyo baada. Wakati mwingine barua hiyo hiyo ya majukumu ndio inawafanya waje wenyewe na ofa ya kuondoka kwa makubaliano, na hapo wewe ndiye unayetaja bei.

Na shemeji namwelewa anaposema ushukuru, yeye anaona ada na luku. Ila mwambie hili la kushindwa kusoma gazeti, sidhani kama umemwambia. Na likiendelea nenda hospitali umuone daktari kabisa, watu wa usafirishaji mnajifanyaga wagumu.

Shangazi, mi ni mlinzi Muscat, nakaa getini saa 12, kwa siku zinapita gari labda nane. Simu hairuhusiwi. Najiona napoteza ujana. – Bawabu

Mdogo wangu, kazi yako ni kuwepo, hata zisipopita gari kabisa umeshaifanya, huibii mtu. Kinachokula ujana wako ni kutokujua unatoka hapo lini. Weka mwezi na kiasi cha akiba, akiba ipite kwa mtu mnayeaminiana siyo kwa ukoo mzima, na saa zile za kukaa jifunze Kiarabu na hao madereva wanane, kila gari neno moja. Mlinzi anayeongea na wenye nyumba hakai getini muda mrefu, anapewa funguo za gari.

Habari Shangazi. Mimi niko upande wa pili, ni mwajiri. Nina kiwanda kidogo cha uchapaji Mwanza, wafanyakazi wanne. Kadi za harusi ndizo zilizokuwa zinatuweka mjini, sasa watu wanatumiana kadi za kwenye simu WhatsApp, wa kuchapisha wamebaki wachache sana. Wawili kati yao wanashinda wanacheza drafti nje. Mmoja yupo na mimi mwaka wa sita ni mtu wa mashine, mwingine ana miaka miwili, huyo anajua kudizaini kwenye kompyuta. Nikiwaambia tu kesho msije kuna tatizo? – Mchapaji

Lipo, tena kubwa. Kupunguza watu kwa sababu biashara imeshuka kunaruhusiwa, ila sheria ile ile ya 2004 inakutaka uwape taarifa ya kusudio lako mapema, uwaonyeshe hali halisi, na mkae muongee kabla hujaamua. Muongee sababu, njia za kuepuka au kupunguza, mtachaguaje nani aondoke, lini, na malipo. Waonyeshe daftari la oda, la msimu wa harusi wa juzi na wa sasa, wao wenyewe wanajua kuliko unavyodhani, si ndio wanaocheza drafti? Mara nyingi kwenye hicho kikao mtu mmoja anasema bora nifanye siku tatu kwa wiki kwa mshahara pungufu kuliko kutoka kabisa, na mkiandikishana kwa hiari hiyo ni njia halali ya kuepuka kupunguza.

Ikishindikana, anayelipwa kwa mwezi anapewa notisi ya siku 28 au pesa yake, likizo ambayo hakuchukua, kiinua mgongo cha mshahara wa msingi wa siku saba kwa kila mwaka uliotimia usiozidi miaka kumi, na cheti cha utumishi. Wa kwako wa mashine kama ametimiza sita ni siku 42. Jirani zetu Kenya ni siku 15 kwa mwaka, kwa hiyo usilie sana. Hayo ni ya chini kabisa, mkataba wenu ukisema zaidi ni zaidi. Yote kwa maandishi na sahihi, hata kama ni mtoto wa shangazi yako.

Halafu huyo wa miaka miwili anayejua kudizaini. Hizo kadi za kwenye simu zinazokuua zinatengenezwa na watu, tena wengine wamekaa mtaa wako na laptop moja. Umeandika barua nzima hujasema kama umeshamuuliza anaweza kuzitengeneza.